Tulikifuata chakula cha Iringa kwa baiskeli

Alhamisi, jioni

Abiria wengi wa barabara kuu ya Dar es Salaam kwenda Mbeya wanaijua Iringa kwa Ipogolo tu. Malori yako kwenye foleni, mahindi ya kuchoma yanapitishwa dirishani, Mto Ruaha Mdogo unaonekana mara moja pale darajani, halafu basi linakaza mwendo. Mji wenyewe uko juu kwenye mwinuko, na asiyepanda haupati. Nimepita Ipogolo miaka nenda rudi nikienda Mbeya kikazi. Safari hii nilishuka, nikapanda bajaji hadi mjini, baridi ikaanza kunipiga mikononi kabla hatujafika Miyomboni.

Mwongozaji wetu ni dada wa miaka thelathini hivi, mzaliwa wa Kihesa, na ametukusanya nyuma ya nyumba ya wageni ili kila mtu apimishwe baiskeli yake. Kundi ni dogo: mwalimu mstaafu kutoka Makambako, mtu na mkewe waliotoka Dodoma, mwanafunzi wa Chuo cha Mkwawa, na mimi. Dada alimsalimia Mwalimu shikamoo, akamwomba kwa adabu akae juu ya kiti ili aone kama miguu inanyooka vizuri kwenye pedeli. Kisha akatufundisha gia. Alirudia jambo moja mpaka kila mtu akalisema kwa kinywa chake: gia inabadilishwa kabla ya mlima, si katikati ya mlima, maana cheni ikiwa imekazwa na uzito wako itachomoka.

Alipomaliza alitueleza mpango. "Kesho hatutoki mjini. Kesho tunaangalia chakula kinakofikia. Keshokutwa tunakifuata kinakotoka. Iringa inalishwa kwa baiskeli, kwa hiyo na sisi tutapita njia hizohizo."

Nimelala nikiwa na mablanketi mawili. Ni mwezi wa tatu, mvua bado zipo.

Ijumaa

Saa kumi na mbili asubuhi tulikuwa tumesimama pembeni ya barabara inayopanda kutoka Ipogolo, bado giza kidogo, ukungu umeziba bonde. Tuliwasikia kabla ya kuwaona. Walikuwa wanapanda wawiliwawili, mmoja ameshika usukani na mwingine anasukuma kwa nyuma kwenye keria. Juu ya keria kuna matenga ya nyanya, magunia ya mkaa, madumu ya maziwa yaliyofungwa kwa mipira ya tyubu za zamani. Baiskeli zenyewe ni zile nyeusi ndefu ambazo wazee wetu walizitunza kama mifugo, ila keria zimeongezwa nondo na fundi wa kuchomelea ili zibebe mzigo ambao mtengenezaji hakuufikiria. Hakuna anayeendesha kupanda pale. Wanasukuma, wanapumzika, wanaweka jiwe nyuma ya tairi, wanasukuma tena.

"Kamwene," Dada aliwasalimia. "Kamwene," wakajibu bila kusimama, maana ukisimama katikati ya mlima ule kuanza tena ni kazi.

Mmoja alisimama juu, mlima ulipoisha, akatuuzia maziwa ya moto wa ng'ombe, nikimaanisha yaliyokamuliwa alfajiri ileile. Alikuwa ameyabeba tangu saa kumi usiku. Nilimuuliza kwa nini asichukue bodaboda. Akasema nauli ya bodaboda ingekula faida ya lita kadhaa kila siku, na baiskeli ikiharibika anaitengeneza mwenyewe kwa spana moja. Wenzake wengi wamehamia kwenye pikipiki, alisema, lakini anayeuza maziwa kidogo kidogo bado anahitaji baiskeli. Niliandika jambo hilo kwenye daftari, kwa sababu tunazoea kusema baiskeli ni usafiri wa aliyekosa usafiri. Kwake yeye ni hesabu, na hesabu yake ni sahihi.

Tulivuta baiskeli zetu mpaka Soko Kuu. Soko la Iringa linasomeka kama ramani ukipata mtu wa kukusomea, na Dada alitusomea meza moja baada ya nyingine. Nyanya na vitunguu vimetoka Ilula, upande wa Kilolo. Mchele ni wa Pawaga, kule chini kwenye joto, ambako maji ya mto yanafika mashambani kwa mifereji. Samaki wakavu, perege na kambale, wametoka Bwawa la Mtera. Viazi na maparachichi ni vya Njombe. Majani ya chai ni ya Mufindi. Ndani ya hatua mia moja umepita kwenye joto na kwenye baridi kali, na ndiyo maana mkoa huu hauna shida ya kupika chakula cha namna moja kila siku. Nimeishi Morogoro muda mrefu na ninapenda masoko yetu, lakini maharage niliyoyaona Iringa, ya njano, ya madoadoa, mekundu, meupe, yamejazwa kwenye magunia yaliyokunjwa midomo, sijayaona yakiwa mengi hivyo mahali pengine.

Tulikaa sana kwa mama mmoja anayeuza majani ya maboga. Mke wa yule bwana wa Dodoma alimuuliza kwa nini yake yakipikwa yanakuwa na nyuzi mdomoni. Mama akamkalisha kwenye ndoo, akampa fungu. "Unavunja hapa kwenye kikonyo, mwanangu, halafu unavuta ngozi ikuje na nyuzi zake mpaka mwisho. Usikate kwanza. Ukikata kwanza, nyuzi zimebaki ndani." Alimwonyesha pia jinsi ya kuyafikicha kidogo kwa mikono kabla ya kuyakata ili yalainike. Tulimenya wote, hata Mwalimu, mpaka fungu lake la asubuhi likaisha. Hakutulipa, na sisi hatukumlipa, ila tuliagiza mafungu mawili ya kwenda nayo kesho.

Kifungua kinywa kilikuwa chapati, chai ya maziwa yenye tangawizi nyingi, na supu ya mbuzi kwa waliotaka.

Kutoka sokoni hadi Boma ni mwendo mfupi. Jengo hilo la enzi za Wajerumani limekarabatiwa na tangu mwaka 2016 ni makumbusho ya mkoa. Kuta ni nene na ndani kuna baridi. Mambo ya Mkwawa, mtawala wa Wahehe aliyepigana na Wajerumani, yapo, lakini nilivutiwa zaidi na vitu vya nyumbani: vinu, vyungu, vibuyu, na vikapu vya milulu. Milulu ni nyasi za majini zinazokatwa kwenye maeneo ya tindiga. Wanawake wa Iringa huzikausha, wengine huzitia rangi, kisha huzisuka kwa kukaza mno mpaka kikapu kinashika unga bila kuvuja. Mwanafunzi wa Mkwawa alisema bibi yake alikuwa na kikapu kimoja cha kupimia mahindi ya kukopeshana na jirani, na hakikuruhusiwa kutumika kwa jambo jingine, ili kipimo kisije kubadilika kwa kutanuka. Hiyo haikuandikwa kwenye kibao chochote pale ukutani. Natamani ingeandikwa.

Chakula cha mchana tulikula kwenye mgahawa wa Neema Crafts, karakana iliyoanzishwa mwaka 2003 chini ya Dayosisi ya Ruaha ya Kanisa Anglikana, ambako watu wenye ulemavu wanafanya kazi za mikono na kuuza. Wanaohudumia mgahawani ni viziwi. Unaagiza kwa ishara au kwa kuandika. Mwalimu, ambaye amefundisha maisha yake yote kwa kupaza sauti, alifundishwa ishara ya "asante" na kijana wa miaka ishirini na kitu, akaitumia kila sahani ilipoletwa. Katika karakana tuliona karatasi zinazotengenezwa kwa kinyesi cha tembo: kinachemshwa, kinasafishwa, nyuzi za majani alizokula tembo zinabaki, zinatandazwa kwenye wavu na kukaushwa. Nilinunua daftari. Haya ninayoandika usiku huu yako humo.

Jioni tulipanda Gangilonga. Baiskeli ziliachwa chini, kwa mlinzi wa nyumba ya jirani anayefahamiana na Dada. Jiwe ni kubwa, limeinama upande mmoja, na juu yake unaona mji mzima na bonde la Ruaha Mdogo. Inasimuliwa kuwa Mkwawa alikuja hapa kutafuta shauri, na kwamba hapa ndipo alipopata habari ya Wajerumani kabla hawajafika. Wanafunzi wengi walikuwa wamekaa juu na vitabu vyao. Mvua ilitufukuza mapema.

Jumamosi

Leo ndiyo siku niliyoijia.

Tulitoka kwa barabara ya Hifadhi ya Ruaha kuelekea Kalenga, kama kilomita kumi na tano. Njia inashuka zaidi kuliko inavyopanda, kwa hiyo kwenda ni raha na kurudi ni deni. Mahindi yalikuwa yamefunga pande zote mbili, yameanza kutoa ndevu. Kila tulipopishana na baiskeli yenye mzigo inayokwenda mjini, Dada alitutaka tushuke lami sisi tulio watupu, yeye mwenye mzigo apite. Hiyo ni kanuni yake na aliisimamia.

Pancha ya kwanza ilinipata mimi, mwiba wa kawaida. Kabla Dada hajafungua mfuko wa vifaa, mzee aliyekuwa anarudi na keria tupu alikwisha simama. "Shikamoo mzee." "Marahaba. Geuza hiyo." Akaitoa tyubu, akaipitisha kwenye beseni la maji lililoletwa na watoto wa nyumba ya karibu, mapovu yakaonyesha tundu, akakwangua, akapaka solusheni, akasubiri ikauke kidogo, akabandika kiraka. Hakukubali pesa. Alikubali machungwa.

Kabla ya Kalenga tuliacha barabara kwa njia ya miguu mpaka kwenye milanzi, yaani mianzi ya kugema, ya familia moja. Hapa nikae kidogo, maana ulanzi, kinywaji cha utomvu wa mianzi hiyo, husemwa sana na wanaouonja kwenye kikombe, na kazi yake haisemwi.

Msimu wa ulanzi ni msimu wa mvua, mianzi inapotoa machipukizi. Mgema anasubiri chipukizi lifike urefu unaofaa, analikata ncha, kisha anafunga chombo cha mwanzi kinachoitwa mbeta ili utomvu udondokee humo. Asubuhi na jioni anapita chipukizi moja baada ya jingine, anamwaga kilichojaa, na anakata tena kipande chembamba, kwa sababu kidonda kikikauka utomvu unakoma. Asipopita siku moja, amepoteza. Mwenye nyumba, mama wa makamo ambaye mumewe alikuwa msibani kijiji cha pili, alikuwa anafanya kazi hiyo mwenyewe asubuhi ile, kisu kikali mkononi na nyuki wamemzunguka asiwajali. Ulanzi uliotoka sasa hivi ni mtamu na mwepesi. Huo ni mtogwa, hata mtoto anapewa. Hauongezwi chochote. Hamira yake iko hewani na ndani ya mbeta zenyewe, na kufikia jioni umeanza kuchacha. Ukilala unakuwa mkangafu, na huo ni wa watu wazima waliokwisha maliza kazi.

"Ndiyo maana unakimbizwa mjini kwa baiskeli," mama alisema. "Anayechelewa njiani anafika na kitu kingine."

Tuliuonja wote, mtogwa, kwa kikombe kimoja cha bati kilichozunguka. Una ladha ya majani mabichi na sukari kidogo, na ubaridi ambao sikuutegemea. Mwalimu alifumba macho, akasema amekunywa mara ya mwisho kwa baba yake. Hatukumuuliza zaidi.

Kalenga penyewe ni kijiji kando ya Ruaha Mdogo. Hapa palikuwa na ngome ya Mtwa (yaani chifu) Mkwawa, yenye ukuta wa mawe, na kilichobaki leo ni kidogo mno ukilinganisha na jina lake. Ndani ya jengo la makumbusho kuna mikuki, ngao, bunduki, na fuvu lake kwenye sanduku la kioo. Mtunza makumbusho alitupa historia akiwa amesimama wima, bila kusoma popote. Tarehe 17 Agosti 1891, kule Lugalo, askari wa Mkwawa waliwavizia Wajerumani na kumuua kamanda wao, Emil von Zelewski. Wajerumani walirudi na mizinga, na Kalenga ikaanguka tarehe 30 Oktoba 1894. Mkwawa hakukamatwa. Aliendelea kupigana porini mpaka tarehe 19 Julai 1898, alipojipiga risasi akikataa kushikwa mzima. Walimkata kichwa wakakipeleka Ujerumani. Mkataba wa Versailles wa mwaka 1919, ule uliomaliza vita kuu ya kwanza, ulidai kwa kipengele cha 246 kirudishwe, na bado kilichukua miaka thelathini na mitano. Gavana Edward Twining ndiye aliyekikuta kwenye makumbusho ya Bremen, akikichagua kati ya mafuvu mengine kwa vipimo vilivyofanana na vya wajukuu wa Mkwawa, na mwaka 1954 kikarudishwa hapa mbele ya Mtwa Adam Sapi Mkwawa, ambaye baadaye alikuja kuwa Spika wa Bunge letu.

Mwanafunzi aliuliza swali lililoniingia: wale wengine waliokuwa kwenye kabati lile la Bremen walikuwa akina nani? Hakuna aliyemjibu. Ukoo wa Songea Mbano, kiongozi wa Wangoni aliyenyongwa na Wajerumani mwaka 1906 wakati wa Maji Maji, mpaka leo unatafuta kichwa cha mzee wao. Rais wa Ujerumani, Frank-Walter Steinmeier, alikwenda Songea mwezi Novemba 2023 akaomba msamaha. Msamaha ni jambo kubwa, lakini maiti inazikwa na ndugu zake, na nadhani yeyote anayeingia chumba kile cha Kalenga anatoka akijua kuwa shughuli hii haijaisha.

Mchana tulikula kwa mama mmoja hapo kijijini. Alichukua majani yetu ya maboga, ambayo tulikwisha menya nyuzi jana, akayaunga kwa karanga zilizotwangwa. Ugali ulikuwa wa dona, mzito, wenye rangi ya mahindi yenyewe, na perege wa Mtera waliokaangwa kisha wakarostiwa kwa nyanya. Kuna uyoga pia, wa msituni, uliookotwa baada ya mvua ya juzi. Akatueleza kuwa hapokei uyoga kwa mtu asiyemfahamu, maana unaofanana na huo na kuua nao upo. Tulinawa kwa maji ya moto na tukala kwa mkono kutoka sinia moja. Bwana wa Dodoma, aliyekulia kwenye ugali wa uwele na mtama, alikubali kwamba dona ile ina hoja.

Kurudi mjini kulituchukua alasiri yote. Tulisukuma penye kusukuma. Karibu na mji tulimpata kijana mwenye madumu ya ulanzi amesimama, jasho linamtiririka, na mwanafunzi wetu bila kuambiwa akampa Dada baiskeli yake, akaenda kushika keria ya yule kijana, akasukuma naye mpaka juu.

Jumapili

Isimila, korongo lenye zana za mawe za kale, ni kilomita ishirini hivi kwa barabara ya Mbeya, na barabara hiyo ina malori. Dada alitupitisha njia za vijijini kadiri alivyoweza, na pale ambapo hapakuwa na njia nyingine tulikwenda mmoja nyuma ya mwingine, kimya. Nasema wazi: mkoa wenye vyuo vingi hivi na vijana wengi hivi wanaotumia baiskeli unastahili njia ya pembeni kwa ajili yao kwenye barabara kuu, na wanaobeba chakula chetu wanaistahili kuliko watalii.

Korongoni kuna mashoka ya mawe yaliyotumiwa na watu wa kale kabla ya chuma na kabla ya kilimo, yamelala chini palepale mmomonyoko ulipoyafunua. Eneo lilitambuliwa mwaka 1951 na likachimbwa na wataalamu mwishoni mwa miaka hiyo ya hamsini. Walipata pia mifupa ya viboko wa aina iliyokwisha toweka, kwa sababu hapa palikuwa na ziwa. Baada ya hapo unateremka kwenye nguzo za udongo zilizochongwa na maji na upepo, ndefu kuliko nyumba ya ghorofa, na kila mtu anapiga picha.

Mwalimu alishika shoka moja kwa ruhusa ya mwongozaji wa pale, akaligeuza mpaka likakaa kiganjani. Lilikaa vizuri. Linatosha kuchunia ngozi na kuvunjia mfupa wenye uboho. Kwa hiyo hata hapa tulikuwa bado tuko kwenye chakula.

Tulirudi na mvua mgongoni. Mlima wa Ipogolo tuliupanda kwa miguu, wawili kwa baiskeli moja kwa zamu, kama tulivyowaona wenyewe wakifanya.

Kwa anayetaka kwenda

Ukitaka ulanzi, nenda kati ya mwezi wa kwanza na wa nne. Ukitaka njia kavu, nenda kuanzia mwezi wa sita, ila baridi ya Juni na Julai ni kali, beba sweta na soksi nzito. Omba baiskeli yenye gia ndogo za mlimani na ujaribu breki zote mbili mwenyewe kabla ya kutoka. Beba pesa taslimu ndogondogo kwa ajili ya sokoni na vijijini, na viingilio vya Boma, Kalenga na Isimila vinalipwa kila mahali peke yake. Kabla ya kumpiga mtu picha akiwa na mzigo, msalimie kwanza, umwombe, na akikataa usisitize. Na ukinunua maziwa au nyanya, nunua kwa yule aliyesukuma, pale mlima unapoishia, kabla hajafika sokoni.